Oighrig, jina la Kigaeli lililowahi kuandikwa "Africa": maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Oighrig ni jina la wapi?

Ni jina la kike la Kigaeli, lugha ya nyanda za juu na visiwa vya magharibi vya Uskoti. Ng'ambo ya bahari, huko Ayalandi, ndugu yake anaandikwa Aifric. Wote wawili wana bibi mmoja, Affraic, ambaye kwa tahajia ndefu huitwa Aithbhreac. Jina hilo lilikuwa vinywani mwa watu zaidi ya miaka elfu moja iliyopita. Leo ukilitaja mjini Edinburgh, wengi watakuomba uwaandikie, na ukishawaandikia ndipo watakaposhindwa kabisa kulisoma.

Basi linasomwaje?

Sema "oi-rik". Mkazo uko mwanzoni, na herufi g ya mwisho hutoka kama k nyepesi. Hiyo gh ya katikati usiisumbukie, hapo imekaa kimya. Mswahili atavutika kuongeza irabu mwishoni aseme "Oiriki", na sioni kosa kubwa. Ukweli ni kwamba irabu ya kwanza hatunayo katika Kiswahili, kwa hiyo "oi" yetu ni jirani tu wa ile yao.

Nikiwa hapo, niseme jambo ambalo huwafurahisha watu wa pwani. Kigaeli kina maneno mengi ambamo gh husikika sawasawa na gh ya "ghali" au "ghafla", na ch yake ni ile kh ya "kheri" inapotamkwa na mtu aliyepita chuoni. Waingereza huhangaika miaka na sauti hizo mbili. Mtu wa Lamu au Unguja anazo tangu utoto.

Maana yake ni nini?

Maelezo yenye mashiko zaidi ni kwamba Aithbhreac limeundwa kwa neno *breac*, yaani -enye madoadoa, likitanguliwa na kiambishi *aith-*. Kwa pamoja linatoa maana ya "mwenye madoa kiasi" au "mwenye madoa mapya". Wengine wanafikiria vidoa vya usoni ambavyo watu weupe wengi hupata wakipigwa na jua. Inawezekana, ingawa aliyempa binti wa kwanza jina hilo hakutuachia sababu.

Neno *breac* lenyewe ni tamu kulifuatilia. Katika Kigaeli cha leo ndilo jina la samaki trauti, kwa sababu ya yale madoa ubavuni. (Trauti tunaowavua katika mito ya Aberdare nchini Kenya si wenyeji. Wa kwanza waliletwa kutoka Uskoti mwaka 1905, kwa hiyo *breac* ameshafika kwetu bila kubisha hodi.) Ugonjwa wa ndui nao waliuita *a' bhreac*, kwa makovu yake. Halafu kuna *breacan*, ile nguo ya mistari na miraba ambayo Waskoti hujifunga na kujitanda.

Hapa Mswahili hahitaji kamusi. Sisi tuna ndege mwenye madoadoa, kanga, na tuna nguo iitwayo kanga, ambayo inasemekana ilipewa jina lake kwa kufananishwa na manyoya ya ndege huyo. Lugha mbili zisizojuana ziliangalia mnyama mwenye madoa, zikaangalia nguo, zikasema: hiki ni kile. Kwa hiyo nikiulizwa nilitafsiri Oighrig kwa neno moja, huwa najibu "Kanga", kisha naongeza haraka kwamba nina maana ya ndege.

Nimesoma mahali kuwa maana yake ni "mwenye kupendeza". Je, ni kweli?

Orodha za majina ya watoto hurudia hilo sana, hasa zinapoandika jina kwa tahajia ya Africa na kudai ni la "Kikelti". Sijaona neno lolote la Kigaeli linaloweza kubeba maana hiyo ndani ya jina hili. Nadhani mtu mmoja aliandika, wengine wakanakili. Madoadoa hayauziki kirahisi kwa mzazi mtarajiwa.

Kwa kuwa liliandikwa "Africa", je, lina uhusiano na bara letu?

Hapana. Hili ndilo swali linaloongoza, na wengi hulileta wakiwa na matumaini, kwa hiyo acha nilijibu kwa kirefu.

Jina la bara lilitoka kwa Warumi. Waliwaita watu wa maeneo ya Carthage, katika Tunisia ya leo, *Afri*, na walipoiangusha Carthage mwaka 146 KK jimbo lao jipya wakaliita Africa. Baadaye jina la jimbo likatanuka mpaka likafunika bara zima.

Affraic lilikulia kwingine kabisa, kwa watu waliokuwa wakisema Kigaeli. Tatizo lilianza pale jina hilo lilipohitaji kuandikwa katika Kilatini. Kuandika wakati huo ilikuwa kazi ya watawa na makarani wa kanisa. Mtawa akisikia "Affraic", akitaka kulivika mwisho wa kike wa Kilatini, anapata Affrica, na neno hilo tayari analijua kutoka vitabuni. Ndiyo maana habari za wafalme wa kisiwa cha Man, kilicho kati ya Uingereza na Ayalandi, zilizoandikwa kwa Kilatini zinamtaja malkia aitwaye Affrica, ambaye baba yake alikuwa bwana wa Galloway na ambaye hakuna dalili yoyote kwamba aliwahi kuliona bara hili.

Kuna pia wanawake wa Kihispania waitwao África. Hao ni habari nyingine. Jina lao linatokana na Bikira Maria wa Afrika, msimamizi wa mji wa Ceuta ulioko pwani ya kaskazini ya bara, na kwao uhusiano ni wa kweli.

Ni wanawake gani wanaojulikana waliobeba jina hili?

Wa zamani zaidi ninaowajua walikuwa maabesi, yaani wakuu wa monasteri. Monasteri ya Kildare nchini Ayalandi, ambayo mapokeo yanasema ilianzishwa na Mtakatifu Brigita, iliwahi kuongozwa na abesi aitwaye Affraic katika karne ya 8, na mwingine mwenye jina hilohilo katika karne ya 9. Abesi wa Kildare hakuwa mtu mdogo. Chini yake walikuwamo watawa wanawake na wanaume.

Kisha karne ya 12 inatuletea bibi na mjukuu. Bibi ni Affrica binti Fergus. Baba yake, Fergus, alitawala Galloway, kusini-magharibi mwa Uskoti, akafariki mwaka 1161. Binti aliozwa kwa Olaf, mfalme wa kisiwa cha Man na visiwa vya magharibi, mtu wa ukoo wa Kinorwe. Zilikuwa siasa za bahari: Galloway na Man zinatazamana, na ndoa ilikuwa na bei nafuu kuliko merikebu za vita. Olaf aliuawa mwaka 1153, na mtoto wao Godred akaja kutawala.

Godred naye akamwita binti yake Affrica, kwa jina la mama yake. Huyu ndiye mjukuu, na ndiye aliyeacha alama inayoonekana hadi leo. Karibu mwaka 1180 aliolewa na John de Courcy, mpiganaji wa Kinormani ambaye miaka michache kabla, 1177, alikuwa ameiteka Downpatrick kaskazini mwa Ayalandi. Mwaka 1193 Affrica alianzisha abasia ya watawa wa shirika la Citeaux kwenye rasi ya Ards, hukohuko kaskazini. Masimulizi yanasema ilikuwa nadhiri: alikamatwa na dhoruba baharini, akaahidi kumjengea Mungu nyumba akifika salama. Magofu yake yapo, yanaitwa Grey Abbey, na kijiji kilichokua pembeni kinaitwa vivyo hivyo. Matao yake yaliyochongoka ni miongoni mwa ya mwanzo kabisa ya mtindo wa Kigothi katika kisiwa kizima. Watoto wa shule hufundishwa habari za de Courcy na mapanga yake. Mimi nikiulizwa nani kati ya wawili hao aliyejenga kitu cha kukaa, namtaja mke.

Ukoo huo wa Man ulitoa pia Aufrica de Connoght, aliyedai mwishoni mwa karne ya 13 kwamba yeye ndiye mrithi halali wa kisiwa. Alilipeleka dai lake kwa wafalme, halafu akamwachia haki zake bwana mmoja wa Kiingereza. Kisiwa chenyewe hakukipata.

Nimemweka mwisho ninayempenda kuliko wote: Aithbhreac inghean Coirceadail, mshairi wa karne ya 15. *Inghean* maana yake ni binti, kwa hiyo kwa Kiswahili tungemwita Aithbhreac binti Coirceadal, sawa na tunavyosema Mwana Kupona binti Msham au Siti binti Saad. Mumewe, Niall Óg wa ukoo wa Mac Néill, alikuwa msimamizi wa ngome ya Castle Sween, magharibi mwa Uskoti. Mume alipofariki, mke alitunga shairi la maombolezo ambamo anaisemesha rozari ya marehemu, ile iliyokuwa ikipita vidoleni mwake, ambayo sasa kuiona tu ni machozi. Shairi limesalimika katika mkusanyo ulioandikwa kwa mkono na ndugu wawili wa ukoo wa MacGregor huko Perthshire, kati ya 1512 na 1542 hivi, ambao leo unajulikana kama Kitabu cha Dean wa Lismore. Sauti za wanawake katika Kigaeli cha zama hizo ni chache mno, na hii ni mojawapo.

Ilikuwaje Affraic likageuka Oighrig? Hayafanani hata kidogo.

Yanafanana ukiyasikia badala ya kuyaangalia. Katika tahajia ya Kigaeli bh ni v, na th ni pumzi tu. Ukiziweka bega kwa bega, kama zilivyo katika Aithbhreac, v inakazwa na kuwa f. Ndiyo maana wale ndugu wa Perthshire, ambao waliandika Kigaeli kwa kufuata sikio na tahajia ya Kiskoti, walimwandika mshairi wetu Effric. Kadiri karne zilivyopita f ikayeyuka na irabu ya mwanzo ikapinda. Kuna waliosema Eithrig, wengine Eirig, wengine Aighrig. Oighrig ndiyo iliyoshinda vitabuni.

Mbona bibi aliyeitwa Oighrig kijijini anaonekana kwenye cheti kama Euphemia, Effie, au hata Harriet?

Kwa sababu mdomo na karatasi vilikuwa na lugha mbili. Usajili wa serikali wa vizazi, ndoa na vifo ulianza Uskoti tarehe 1 Januari 1855, na uliendeshwa kwa Kiingereza. Kabla ya hapo wachungaji waliokuwa wakitunza vitabu vya parokia nao waliandika kwa Kiingereza, hata kama ubatizo ulifanyika kwa Kigaeli mwanzo hadi mwisho. Sheria ya elimu ya mwaka 1872 ikaongezea: shule za lazima, na Kigaeli hakikutengewa nafasi. Mtoto aliondoka nyumbani akiwa Oighrig, akaitika darasani kwa jina jingine.

Jina jingine lipi? Ilitegemea karani. Yalikuwapo majina ya Kiingereza yaliyozoeleka kama "badala ya" ya Kigaeli, na mengi hayakuwa na undugu wowote. Tormod aliandikwa Norman. Eachann aliandikwa Hector. Beathag angeweza kuwa Rebecca au Sophia. Oighrig alibahatika kupata rundo: Effie, Euphemia, Erica, Etta, Henrietta, Harriet. Euphemia ni la Kigiriki, "mwenye kauli njema", na nadhani lilichaguliwa kwa ile f ya Effric ambayo watu walikuwa bado wanaikumbuka. Henrietta na Harriet yana r na mlio wa jirani, basi.

Mchezo huu uliyapitia na majina ya koo. Familia nyingi za MacLeay huko Argyll ziliacha jina lao zikajiandika Livingstone. Babu yake David Livingstone alitoka Ulva, kisiwa kidogo cha Wagaeli. Kwa hiyo jina tunalolitaja tunapozungumzia Ujiji mwaka 1871, nalo lina historia yake ya karani.

Kwa anayetafuta ukoo wake, somo la vitendo ni hili: usimtafute Oighrig kwenye vitabu vya zamani. Tafuta Effie, ukikosa tafuta Euphemia, ukikosa jaribu Henrietta, na usishangae ukimkuta mtu yuleyule ana jina moja kwenye ndoa na jingine kwenye kifo.

Kila Effie ni Oighrig?

La. Euphemia lilipendwa na Waskoti wasiojua Kigaeli pia. Effie Gray, yule mzaliwa wa Perth (1828–1897) ambaye ndoa yake na mwandishi John Ruskin ilibatilishwa na baadaye akaolewa na mchoraji Millais, alikuwa Euphemia tangu mwanzo. Ukimkuta Effie katika Lewis au Uist, visiwa vya Wagaeli, hapo ndipo pa kuuliza.

Kama karatasi zililikataa, jina lilidumu vipi?

Kwa mabibi. Desturi ya wengi katika nyanda za juu ilikuwa kwamba binti wa kwanza huchukua jina la mama yake mama, wa pili jina la mama yake baba, na wavulana vivyo hivyo kwa mababu, wakianza upande wa baba. Msomaji Mkikuyu anatabasamu hapa, kwa sababu kwao mpango ni huohuo isipokuwa binti wa kwanza huenda upande wa baba. Mradi bibi aliitwa Oighrig, lazima mjukuu mmoja aitwe Oighrig, karani apende asipende.

Hasara yake ni kwamba kijiji kimoja kiliweza kuwa na akina Oighrig wengi. Wakatofautishwa kwa nasaba: Oighrig nighean Iain, yaani Oighrig binti John, na ukiongeza babu, mstari unarefuka. Hata majina ya ukoo yanafuata jinsia. Mwanamume ni MacDhòmhnaill, dada yake ni NicDhòmhnaill, kwa maana Mac ni "mwana wa" na mwanamke hawezi kuwa mwana. Ukimwandika mwanamke "Mac" katika Kigaeli, wenye lugha wanaguna.

Je, jina hubadilika mtu anapoitwa?

Majina mengi ya Kigaeli hubadilika kichwa mtu akiitwa, kama ulimi unavyogeuka ndimi. Màiri akiitwa huwa "a Mhàiri", inasikika "a Vari". Seumas huwa "a Sheumais", na hilo ndilo Waingereza walilolisikia wakaandika Hamish, wakidhani ni jina kamili. Oighrig linaanza na irabu, kwa hiyo halisumbui. Unaita tu: Oighrig!

Kuna mahali panapoitwa kwa jina hili?

Glen Affric, bonde lililoko magharibi ya ziwa la Loch Ness, lenye mto, ziwa na mabaki ya msitu wa kale wa misonobari. Wengi hulitaja kuwa bonde zuri kuliko yote Uskoti. Inaaminika kuwa Affric hapo ni jina hilohilo la kike, labda la mwanamke, labda la mto uliofikiriwa kuwa mwanamke. Maji yanayomeremeta juu ya mawe yana madoadoa pia.

Bado kuna watoto wanaoitwa hivyo?

Wachache sana. Lugha yenyewe ni ndogo: sensa ya mwaka 2011 ilihesabu watu 57,375 wanaosema Kigaeli Uskoti, na ile ya 2022 ikawa zaidi ya 69,000, ongezeko ambalo limetokana kwa sehemu na shule zinazofundisha kwa Kigaeli. Lakini wazazi wa shule hizo huchagua zaidi majina kama Eilidh au Iona. Oighrig limebaki na harufu ya nyanya. Ayalandi hali ni tofauti kidogo. Aifric, linalosomwa "Afrik", lilifufuliwa katika karne ya 20, na kuanzia mwaka 2006 kituo cha televisheni cha Kiairishi, TG4, kilionyesha tamthilia ya vijana yenye jina hilo.

Majina ya Kigaeli si mageni mno kwa Waafrika Mashariki?

Una mjomba anayeitwa Duncan? Kenneth? Donald? Yote matatu ni ya Kigaeli kwa asili: Donnchadh, Coinneach, Dòmhnall. Yalikuja na wamisheni na walimu wa Kiskoti. Thogoto, karibu na Kikuyu, ni "Scotland" yenyewe ilivyotua kwenye ulimi wa Wagikuyu.

Nimpe binti yangu jina hili?

Ikiwa mzazi mmoja ana damu ya huko, au mmeishi huko, mpeni. Chagueni tahajia mapema. Oighrig ni la Uskoti na litamtaka mtoto alieleze maisha yake yote. Aifric ni jepesi kulisoma, ila Mswahili atasikia "Afrika", na itabidi mtoto ajue kujibu swali la tano hapo juu. Mkiwa Uskoti mna siku 21 za kumsajili mtoto, na siku hizi karani ataandika kile mtakachomtajia. Mwandikieni kwenye kikaratasi mkampe.

Na mvulana je?

Ni la kike. Mvulana mpeni Fergus, baba yake Affrica.